Maleba ya Kinjeketile na Safari ya Mtumba: Historia Fupi ya Nguo Mvara

Makala haya yametokana na swali la mwanafunzi ambalo hatukuweza kulijibu.

Muhula uliopita wanafunzi wetu wa mwaka wa pili walichagua kuigiza Kinjeketile, tamthilia ya Ebrahim Hussein iliyochapishwa mwaka 1969, nao wakaomba ionyeshwe Mvara badala ya ukumbi wa chuo. Sababu waliyoitoa ilitupendeza. Tamthilia hiyo inahusu Vita vya Maji Maji vya mwaka 1905 hadi 1907, na watu wa Nile Magharibi nao wana kumbukumbu yao ya maji. Rembe, mtabiri wa Kikakwa kutoka upande wa Koboko na Yei, alikuwa akiwanywesha watu maji ya Yakan ili risasi zisiwadhuru. Aliuawa na serikali huko Yei mwaka 1917, na mwaka 1919 wafuasi wa Yakan wakapambana na utawala wa kikoloni katika nchi ya Walugbara. Kwa hiyo hadhira ya Mvara ingemwelewa Kinjeketile bila maelezo marefu.

Ikabaki kazi ya maleba. Kamati ya wanafunzi watano ilipewa fedha kidogo (sisi wa idara hatujui kupewa fedha nyingi), ikaenda soko la Arua asubuhi na kurudi jioni na mifuko miwili. Koti la afisa wa Kijerumani lilikuwa koti la baridi la kike, jambo tuliloligundua kwa vifungo vyake. Shuka za wanakijiji zilikuwa mashuka ya kitanda yenye muhuri wa buluu wa hospitali fulani ya ng'ambo, na tuliwaagiza waigizaji waufiche muhuri huo upande wa ndani. Kanzu moja tu ndiyo iliyoshonwa hapa hapa mjini. Vingine vyote vilikuwa mitumba.

Wakati wa mazoezi, kijana mmoja aliyekuwa akijifunga shuka hiyo aliuliza, "Mwalimu, mwaka ule ule wa 1905, babu zetu hapa Mvara walikuwa wamevaa nini?" Mwenzake akaongeza kwamba Maji Maji ilianza kwa watu wa Umatumbi kung'oa miche ya pamba waliyolazimishwa kuilima, nasi tunaicheza tukiwa tumevaa pamba iliyokwisha kuvaliwa na watu wengine. Tulicheka, lakini tulikwenda nyumbani na deni la jibu. Yafuatayo ni sehemu ya jibu hilo, kwa namna tulivyoweza kulikusanya.

Majani, na pamba ya Wadelai

Mwaka 1905 Mvara haikuwa Uganda. Eneo hili lilikuwa ndani ya Lado, nchi aliyokodishwa Mfalme Leopold wa Ubelgiji, na lilibaki chini ya himaya yake mpaka alipofariki Desemba 1909. Likachukuliwa na serikali ya Sudani mwaka 1910, na sehemu ya kusini ikaunganishwa na Uganda mwaka 1914. Ndipo Weatherhead, mkuu wa wilaya wa kwanza, alipoweka makao yake Arua.

Katika miaka hiyo wanawake wa Kilugbara walivaa majani mabichi mbele na nyuma, yaliyofungwa kwa kamba kiunoni na kubadilishwa kila siku. Wanaume walivaa kidogo sana, pengine ngozi. Mwanaanthropolojia John Middleton, aliyefanya utafiti wake miongoni mwa Walugbara kati ya 1949 na 1952, aliyakuta majani hayo bado yanavaliwa. Tunalisisitiza jambo hili kwa sababu wanafunzi wetu huona haya kulisema, kana kwamba ni aibu ya ukoo. Wakati wa kutafuta waigizaji, binti mmoja alituambia kwa sauti ya chini kwamba bibi wa mama yake alivaa majani, kisha akaangalia kama kuna aliyesikia. Vazi lile lilikatwa asubuhi, likatupwa jioni, na kesho yake lilikuwa udongo. Tutalirudia suala la udongo baadaye.

Hata hivyo, si kweli kwamba nguo haikujulikana upande huu mpaka Mwingereza alipofika. Baada ya majeshi ya Mahdi kuifunga njia ya Khartoum katika miaka ya 1880, Emin Pasha, gavana wa jimbo la Ikweta, alihamia Wadelai, katika ukingo wa magharibi wa Nile, sehemu ambayo leo imo katika Wilaya ya Pakwach. Hapakuwa na meli iliyoleta kitambaa. Askari wake na wake zao walilima pamba, wakasokota, wakafuma kitambaa kizito cha Kisudani kiitwacho damur, na wakashona viatu vyao wenyewe. Aprili 1888 Stanley alipomfikia kando ya Ziwa Albert, akiwa ametumwa kumwokoa, waokoaji ndio waliokuwa na matambara mwilini, naye mwokolewaji akaja na nguo nyeupe safi. Emin ndiye aliyewagawia waokoaji wake nguo na chakula.

Kisa hiki hutuchekesha kila tunapokifundisha, lakini kina uzito wake. Kwa miaka michache, karibu miaka 140 iliyopita, Nile Magharibi ililima pamba yake, ikaifuma na kuivaa bila kumsubiri mtu yeyote. Wazao wa askari wale ndio Wanubi wa Arua na Koboko, ambao akina mama wao bado hujifunga gurbaba kwenye arusi, na ambao Kinubi chao kiliishi bega kwa bega na Kiswahili cha jeshi. Ufumaji wenyewe haukubaki.

Neno mtumba lilivyogeuka

Hapa inatubidi tutoke Mvara kidogo, twende pwani, kwani sisi ni walimu wa lugha na neno lenyewe lina historia.

Mwaka 1833 Marekani ilitia saini mkataba wa biashara na Sayyid Said, na mwaka 1837 Richard Waters wa Salem, Massachusetts, akafika Unguja kuwa balozi mdogo wa kwanza wa nchi yake. Meli za Salem zilikuja kuchukua pembe za ndovu, ngozi na sandarusi, zikaleta kitambaa cha pamba kisichopaushwa, kigumu, cha viwanda vya Massachusetts. Waswahili wakakiita merikani. Kilipendwa kuliko vitambaa vingine mpaka vita vya wenyewe kwa wenyewe vya Marekani, 1861 hadi 1865, vilipokata pamba na meli, na viwanda vya Uingereza na Bombay vikachukua nafasi hiyo. Jina halikubadilika. Kitambaa kilifumwa Bombay kikaitwa merikani, kama vile leo tunavyonunua "kitenge cha Kongo" kilichochapwa China.

Merikani na kaniki zilikuwa fedha za bara. Msafara haukuweza kupita bila hongo ya nguo, wala kununua chakula bila nguo. Kitambaa kilifungwa kwa kukazwa sana, kikafanywa mzigo wa kumtosha mpagazi mmoja, yaani kiasi cha frasila mbili, kilo thelathini na kidogo. Mzigo huo ndio ulioitwa mtumba. Kwa hiyo katika karne ya 19 mtumba ulikuwa mali mpya kabisa, kitambaa ambacho hakijaguswa na mwili wa mtu, na mwenye mitumba mingi alikuwa tajiri. Leo robota moja linalofika soko la Arua lina kilo 45 au zaidi, limekazwa vile vile kwa mashine, na neno ni lile lile. Kilichogeuka ni maana: mtumba sasa ni nguo iliyokwisha kuvaliwa, na mtu anaweza kumdharau mwenzake kwa neno hilo. Waganda wameliingiza katika lugha yao kama mivumba. Wanyarwanda husema caguwa. Wazambia husema salaula. Tanzania ilikuwa na jina jingine kabla ya mitumba kuenea, kafa Ulaya, kwa maana kwamba mwenye nguo amekufa huko, na Waghana nao wana jina lenye wazo hilo hilo. Mwanafunzi anayetafuta mada ya tasnifu katika semantiki asihangaike mbali.

Tuongeze tu kwamba katika Kilugbara nguo ni bongo. Kila mwaka mwanafunzi mmoja huuliza kama ndiyo sababu mwenye nguo nzuri huonekana ana akili.

Nguo ya Jumapili

Mwaka 1918 wamisionari wa Africa Inland Mission walifungua kituo Mvara. Mvara tunayoijua, yenye kanisa kuu la Emmanuel na shule, na ambayo sasa imo ndani ya Jiji la Arua, ilikua kutoka kituo hicho. Nguo ikawa alama. Msomaji alitambulikana kwa nguo yake kabla hajafungua kinywa. Bibi mmoja wa Mvara, mwenye umri wa miaka themanini na zaidi, alitusimulia kwamba mama yake alikuwa na kipande kimoja cha merikani kilichofuliwa Jumamosi, kuvaliwa Jumapili, kukunjwa na kuwekwa juu ya dari; siku nyingine alivaa majani akaenda shambani. Hakuona mgongano wowote. Majani yalikuwa ya kazi, nguo ya Mungu.

Lakini merikani ilinunuliwa, na fedha zilikuwa ngumu. Kodi ya kichwa iliwasukuma wanaume wa Kilugbara na Kialur kwenda kukata miwa katika mashamba ya Wahindi kule Lugazi na Kakira, na waliporudi walirudi na blanketi, kaptura, pengine baiskeli. Pamba ililimwa katika nchi ya chini karibu na Nile. Nchi ya juu ya Arua na Maracha zao lililoleta fedha likawa tumbaku. Hapa ndipo hesabu ya mazingira inapoanza, mapema kuliko watu wanavyodhani. Tumbaku hukaushwa kwa moto, na moto unataka kuni. Shati jipya la mkulima wa Maracha halikuwa na moshi wowote mwilini mwake, lakini miti ilikuwa imekatwa kilimani ili linunuliwe. Vilima vingine vya huku havijarudisha miti hiyo hadi leo.

Kisha likaja cherehani. Fundi alikaa kwenye baraza la duka la Mhindi, akinunuliwa uzi na mwenye duka, na mteja alinunua kitambaa ndani akakishonesha nje. Gomesi ilifika kutoka kusini. Inasemekana ilibuniwa na fundi Mgoa aitwaye Gomes mwanzoni mwa karne ya 20 kwa ajili ya wasichana wa shule ya Gayaza, na jina lake likabaki katika vazi. Ni vazi linalokula kitambaa kingi, na hiyo ni sehemu ya heshima yake.

Jinja, halafu magendo

Uganda ilikuwa imeanza kulima pamba ya Kimarekani kwa ajili ya kuuza tangu 1903, na kwa nusu karne ilikuwa ikiipeleka ghafi nchi za nje na kuirudisha ikiwa nguo. Bwawa la Owen Falls lilipozinduliwa mwaka 1954, umeme wake ukawezesha kiwanda kikubwa cha Nyanza Textiles, maarufu kama Nytil, kusimama Jinja. Wazee wa Arua bado huyasifu mashuka ya Nytil kama mtu anavyomsifu marehemu. Kufikia mwaka 1970 nchi ilikuwa ikivuna zaidi ya marobota 400,000 ya pamba kwa mwaka.

Agosti 1972 Idi Amin, mwenye asili ya Koboko, aliwapa Waasia siku 90 waondoke. Mwaka huo huo alikuwa amepiga marufuku sketi fupi. Tunayataja mambo haya mawili pamoja kwa sababu moja liliamua mwanamke avae nini, na jingine likamwondoa aliyekuwa akiuza kitambaa cha kushonea. Maduka ya Arua yalipata wenyewe wapya, lakini bidhaa hazikuja. Vinu vya kuchambulia pamba vilikosa vipuri na wakulima wakakosa malipo kwa wakati, kwa hiyo waling'oa pamba wakapanda mihogo, safari hii bila mtabiri wala maji. Mwishoni mwa miaka ya 1980 mavuno ya pamba ya Uganda yalikuwa sehemu ndogo sana ya yale ya 1970.

Magendo ndiyo yaliyoivika Nile Magharibi. Vitenge vilivuka kutoka Ariwara, upande wa Zaire, kwa baiskeli na kwa vichwa vya akina mama, usiku, kwa njia za vichochoro. Wakati Amin alipoanguka mwaka 1979 na majeshi mapya kuingia, watu wengi wa mkoa huu walikimbilia Zaire na Sudani, na huko kambini wengi walivaa kwa mara ya kwanza nguo za msaada zilizotoka Ulaya. Waliporudi nyumbani katika miaka ya 1980, nyumba zilikuwa zimechomwa na cherehani zimeibwa. Mitumba haikuja Arua kama mtindo. Ilikuja kwa watu waliokuwa hawana kitu cha kuvaa. Ulegezaji wa masharti ya biashara uliofuata uliifanya kuwa biashara halali, na Kampala, hasa soko la Owino, ikawa ghala yake.

Asubuhi ya robota

Wanunuzi wa leo ni wa namna nyingi, na saa ya kufika sokoni huonyesha wewe ni nani. Robota hufunguliwa asubuhi. Wanaofika wakati huo ni wenye maduka madogo ya mjini na vijana wajuao majina ya makampuni. Hawa huchagua kwanza na kulipa zaidi. Baadaye huja walimu na watumishi wa serikali, na hatuna haja ya kueleza tumejuaje. Mchana bei hushuka. Jioni kilichobaki humwagwa chini juu ya turubai, na wanaoinama hapo ni watu wa vijijini na wakimbizi kutoka makazi kama Rhino Camp na Imvepi. Baada ya hapo kuna minada ya vijijini, na baada ya minada kuna gereji, ambako fulana huwa kitambaa cha kufutia grisi.

Mwuzaji mmoja, mama wa makamo, alitufundisha jambo ambalo hatukulipata katika vitabu. "Mwalimu," alisema, "mimi ninanunua robota kama mtu anavyooa bila kumwona mke." Robota halifunguliwi kabla ya kulipwa. Ndani mwaweza kuwa na mashati mazuri, au mwaweza kuwa na makoti ya theluji na suruali zilizochanika. Hasara ni yake. Mkopo ni wake pia.

Soko lenyewe limepanda na kushuka kwa siasa za majirani. Baada ya mkataba wa amani wa Sudani wa mwaka 2005 wafanyabiashara wa Arua na Koboko waliuza sana kuelekea Yei na Juba, na barabara ya lami iliyofika mpaka wa Oraba ikaongeza mwendo. Mapigano ya Desemba 2013, na yale ya Julai 2016, yaliwageuza wateja kuwa wakimbizi. Mwaka 2016 huo huo makazi ya Bidibidi yalifunguliwa Yumbe. Wale wale waliokuwa wakinunua kwa marobota wakaja kununua shati moja.

Vitenge havijashindwa. Arusi, mazishi, sare za kwaya na za vikundi vya akina mama bado ni za kitenge, na hapo fundi cherehani ndipo anapopata riziki yake. Kwa shati la kila siku hana nafasi tena: kitambaa kipya peke yake kinagharimu zaidi ya shati la mtumba lililokwisha kushonwa. Fundi aliyetushonea kanzu alituonyesha daftari lake. Kazi nyingi zilikuwa za kupunguza, yaani kuchukua nguo ya Mzungu mnene na kuifanya imtoshe Mlugbara mwembamba.

Marufuku, na mjadala wetu

Machi 2016 wakuu wa nchi za Jumuiya ya Afrika Mashariki walikubaliana kuiondoa mitumba sokoni katika miaka mitatu. Rwanda ilipandisha ushuru kutoka senti 20 za dola mpaka dola 2.50 kwa kilo. Chama cha wafanyabiashara wa nguo kuukuu wa Marekani kikalalamika kwa serikali yao mwaka 2017, na Kenya, Tanzania na Uganda zikalegeza msimamo ili zisitolewe katika mpango wa AGOA. Rwanda haikulegeza, Julai 2018 ikasimamishwa kuuza nguo zake Marekani bila ushuru. Uganda, iliyokuwa imenyamaza ili ibaki, ilitolewa katika mpango huo Januari 2024 kwa mambo mengine kabisa, yasiyohusu nguo.

Agosti 2023 Rais Museveni alitangaza Mbale kwamba mitumba itapigwa marufuku, akisema ni nguo za Wazungu waliokufa. Msomaji atatambua kuwa hilo ni kafa Ulaya iliyorudi. Wafanyabiashara wa Kampala walipiga kelele, marufuku haikutekelezwa, na marobota yanaendelea kufika.

Wakati huo tuliitisha mjadala wa Kiswahili darasani. Upande wa kuunga mkono ulikuwa na hoja nzuri: nchi inayouza nje zaidi ya asilimia 90 ya pamba yake ikiwa ghafi haiwezi kupata kazi kwa vijana wake. Kisha akasimama msichana wa Koboko, ambaye kwa kawaida hasemi. Alisema mama yake anauza mitumba tangu walipokuwa wakimbizi, na kwamba ada ya muhula ule ilitoka katika robota moja la nguo za watoto. "Mkipiga marufuku leo," alisema, "mimi kesho sipo darasani. Hicho kiwanda kitanikuta wapi?" Hapakuwa na mtu aliyemjibu vizuri, nasi pia hatukumjibu. Tunakiri kwamba mpaka siku ile tulikuwa upande wa marufuku.

Sasa tunaona kwamba kuondoa mitumba kabla ya kurudisha kinu, umeme, mkopo wa fundi na bei ya kumridhisha mkulima ni kumvua mtu shati kwa ahadi ya koti. Lakini hatukubaliani pia na wanaosema mitumba haina ubaya kwa kuwa ni kutumia tena kisichohitajika. Suala la takataka haliwezi kufichwa.

Zaidi ya nusu ya nyuzi zinazotengenezwa duniani leo ni za poliesta, yaani plastiki itokanayo na mafuta ya petroli. Merikani ilikuwa pamba tupu. Ilipochakaa ilikuwa kitambaa cha kubebea mtoto, kisha cha kupangusia, kisha udongo, kama majani ya bibi lakini kwa mwendo wa polepole. Koti la poliesta lisilonunuliwa Arua haliendi popote. Tulipita nyuma ya soko baada ya mvua tukaona mikono ya sweta ikining'inia kwenye mtaro unaoteremka kuelekea mto Enyau. Jioni baadhi ya mabaki huchomwa, na moshi wake ni mweusi, wenye harufu ya kaveera. Ulaya na Marekani hununua nguo nyingi zaidi na kuzivaa muda mfupi zaidi kuliko zamani, kwa hiyo ubora wa kinachofungwa katika robota umeshuka. Mama yule wa sokoni alisema suruali za miaka ya 1990 zilikuwa "chuma", za sasa hupasuka kabla hazijauzwa. Mteja wa ng'ambo amekwisha kuitoa sadaka akasahau. Hasara ya fedha inamwangukia mwuzaji wa Arua, na hasara ya uchafu inauangukia mji wa Arua.

Kuna wanaojaribu njia ya tatu. Huko Kampala mbunifu Bobby Kolade, kwa jina la Buzigahill, huchukua mitumba, akaifumua na kuishona upya kuwa mavazi mengine, kisha huyauza kwa nchi zile zile zilikotoka, na mradi wenyewe ameuita kwa maana ya "rudisha kwa mpelekaji". Hatudhani kazi hiyo itaivika Nile Magharibi. Bei yake si ya huku. Lakini fundi wetu wa Mvara, tulipomweleza, alisema hiyo ndiyo kazi anayofanya kila siku, ila yeye hajapata wa kumuuzia Ulaya.

Onyesho lilifanyika Jumamosi mchana, chini ya miembe, mbele ya watu wengi kuliko tulivyotarajia. Afisa wa Kijerumani alitokwa na jasho ndani ya koti lake la kike mpaka hadhira ikamhurumia. Shuka moja ilifunguka katika onyesho la pili na muhuri wa hospitali ukaonekana wazi. Wachache walicheka, wengi hawakujali. Baada ya onyesho yule bibi wa Mvara aliyetusimulia habari za mama yake alikuja tulipokuwa tukikunja maleba. Akaichukua shuka ya mmojawapo wa wanakijiji, akaipima kwa vidole, akaivuta pembe mbili kuona kama itachanika. Alisema merikani ilikuwa nzito kuliko hii. Kisha akatuuliza tutaiuza kwa bei gani.